Mapambo ya Mdalasini ya Krismasi: Kanda na Mtoto, Usimwachie Mtoto

1/9

Shule zimefungwa, watoto wako nyumbani kutwa, na Krismasi ndiyo hiyo inabisha hodi.

Wengi mmeona picha za yale mapambo ya unga: nyota, mioyo na ng'ombe wadogo, yamekandwa kwa unga, chumvi na mdalasini, yakakaushwa na kutundikwa kwa uzi. Nyumba nzima inanukia kama pilau. Na swali linakuja lile lile: nesi, hivi hii kitu ni salama kwa mtoto?

Jibu langu fupi: fanyeni. Naupenda mchezo huu kuliko midoli mingi inayouzwa sokoni msimu huu. Ila nina sharti moja tu, na ndilo nitakalolieleza mpaka mwisho: ukae naye. Ukikaa naye, ni malezi bora kabisa. Ukimwachia yeye na wenzake bakuli la donge uende zako, ni chumvi, viungo vikali na moto mikononi mwa mtoto. Mchezo ni ule ule, tofauti ni wewe kuwepo au kutokuwepo.

Soma zote tafadhali, hasa ya 5 na ya 6.

2/9: "Hayo si mambo ya wazungu?"

Kuna wanaosema hivyo. Mimi nasema mtoto wa Kisukuma amefinyanga ng'ombe wa udongo tangu zamani. Kaa pembeni ya kisima kimoja cha kijijini uone: ng'ombe, zizi, mchungaji na fimbo yake. Kufinyanga hatukufundishwa na mtu. Kipya hapa ni harufu na sikukuu tu.

Na viungo vyenyewe ni vyetu. Karafuu inatoka Pemba. Hiliki inalimwa Usambara, mdalasini unalimwa Uluguru na Unguja. Mtoto akikuuliza "mama, huu mti unatoka wapi?" umeshapata somo la jiografia bila daftari.

Sasa upande wangu wa afya. Mwaka 2018 Shirika la Afya Duniani, UNICEF na Benki ya Dunia walitoa mwongozo wa malezi ya mtoto mdogo wenye nguzo tano: afya bora, lishe ya kutosha, malezi yenye mwitikio, ujifunzaji wa awali, na ulinzi na usalama. Tanzania nayo mwaka 2021 ikazindua programu yake ya malezi, makuzi na maendeleo ya awali kwa watoto wa miaka 0 hadi 8. Kliniki tunapima uzito, tunachanja, tunaandika kwenye kadi. Nguzo mbili tunazibeba vizuri. Lakini ile ya "mwitikio" hakuna nesi anayeweza kukuletea kwa sindano. Maana yake ni mtoto anasema kitu, unamjibu. Anaonyesha kitu, unakitazama. Basi.

Donge la unga linakupa saa nzima ya jambo hilo. Anabonyeza, unamsifia. Anauliza, unajibu. Mnahesabu nyota. Vidole vinavyofinya na kuviringisha leo ndivyo vitakavyoshika penseli Januari.

Linganisha na simu. Shirika la Afya Duniani lilishauri mwaka 2019 kwamba mtoto wa chini ya miaka 2 asitazamishwe skrini kabisa, na wa miaka 2 hadi 4 isizidi saa 1 kwa siku. Msimu huu wa likizo simu ndiyo imekuwa yaya wa nyumba nyingi, tuseme ukweli.

3/9: "Unga wa kula ndio tuuchezee?"

Hili naliheshimu, maana Desemba kwetu sio mwezi wa kujidai. Chakula cha ghalani kinapungua, hela imeingia kwenye mbegu na kulima. Kama unga ulionao ni wa kula, ule. Hakuna pambo lenye thamani kuliko uji wa mtoto.

Kwa mwenye uwezo, kikombe 1 cha unga wa ngano kinatosha watoto wanne. Unga ulioingia wadudu, ambao hungeupika tena, unafaa, uchekeche tu.

Kwa asiye na unga wa kuchezea, tumia udongo. Na hapa watu wa Simiyu mnajua kuliko mimi: udongo mweusi wa mbuga ukikauka unapasuka, wa kichuguu unashika. Twanga mdalasini au karafuu kidogo, changanya humo humo. Harufu itakaa siku kadhaa. Chimba mahali ambapo wanyama hawalali wala watu hawajisaidii, na mkimaliza mnawe kwa sabuni.

Kaneno kadogo hapo hapo: ukiona mtoto anakula udongo kila siku, sio kuonja tu, mlete kituoni tumpime wingi wa damu. Na wewe mayu mwenye ujauzito, ule udongo unaouhifadhi kwenye mkoba nauona. Njoo nawe tupime.

4/9: Jinsi ya kutengeneza

Mahitaji:
- Unga wa ngano kikombe 1
- Chumvi laini nusu kikombe
- Mdalasini uliotwangwa vijiko vikubwa 2
- Maji ya uvuguvugu nusu kikombe, utie kidogo kidogo. Huenda yasiishe yote

Changanya vikavu wewe mwenyewe, mtoto akiwa mbali kidogo mpaka vumbi litulie. Tia maji. Sasa mwite akande. Likinata ongeza unga, likipasuka ongeza tone la maji. Mkande mpaka liwe laini kama donge la chapati.

Sukuma kwa chupa mpaka unene wa nusu sentimita. Kata kwa mdomo wa glasi au kopo, au mwache achonge ng'ombe wake mwenye pembe moja, usimrekebishe. Toboa tundu la uzi kwa mrija kabla halijakauka. Utapata mapambo kama 15 hadi 20.

Chupa ya kusukumia iwe ya soda au ya maji. ISIWE chupa iliyowahi kubeba dawa ya pamba, hata kama umeiosha mara kumi. Vifuniko vyake pia hapana. Na wale mnaotaka kuwatengenezea kondoo wa pangoni macho kwa mbegu: mbegu za pamba za kupanda, zile zilizotiwa dawa, zisiguswe na mtoto kabisa. Mwezi huu zimo ndani ya nyumba nyingi, mara nyingine chini ya kitanda anacholalia mtoto huyo huyo. Leo zipandishe juu au zifungie, iwe unatengeneza mapambo au hutengenezi.

Rangi: manjano, udongo mwekundu, vumbi la mkaa, chaki iliyosagwa (Maswa wanatengeneza chaki, tujivunie). Rangi ya mafuta ya kupaka milango hapana.

5/9: CHUMVI. Soma hii mara mbili

Donge hili linanukia kama keki. Mtoto wa miaka miwili hajui tofauti. Na wengi wetu tunajiambia: "ni unga na chumvi tu, vitu vya jikoni, vitamfanya nini?"

Tupige hesabu. Kwa vipimo nilivyowapa, zaidi ya theluthi ya uzito wa donge ni chumvi. Kipande cha ukubwa wa yai dogo la kuku wa kienyeji, kama gramu 40, kina chumvi karibu gramu 15. Hiyo ni kama vijiko viwili na nusu vya chai. Mtu mzima anashauriwa asizidishe gramu 5 kwa siku nzima. Kwa hiyo mtoto wa kilo 11 anakuwa amekula mara tatu ya kiwango cha baba yake, kwa dakika moja.

Chumvi nyingi kwa ghafla inavuta maji kutoka kwenye seli za mwili, na ubongo ndio unaoumia zaidi. Dalili: kiu kali, kutapika, kulegea au kuhangaika kusiko kwa kawaida, usingizi mzito, degedege. Inaweza kuua.

Kuonja kwa ncha ya ulimi hakuna shida, wengi wanaonja mara moja na kukunja uso. Akimeza kipande:
- Usimtapishe. Na usimpe maji ya chumvi ili atapike. Desturi hiyo bado ipo, nayo inaongeza sumu ile ile.
- Ikiwa yuko macho na anameza vizuri, mpe maji safi ya kunywa kidogo kidogo.
- Mpeleke kituo cha afya, usisubiri dalili. Sema: "amekula donge lenye chumvi nyingi," na useme kiasi unachokisia. Maneno hayo yanatuokolea muda.

Sababu nyingine ya kutolila ni unga wenyewe. Unga mbichi unaweza kubeba vijidudu vya kuharisha, ndiyo maana tunaupika.

Sasa je, mwenye mtoto wa mwaka mmoja au miwili afanyeje, maana naye anataka kucheza na wenzake? Mpe ugali. Ndiyo, ugali. Ukipoa kidogo unafinyangika vizuri sana, na yeye tayari ni fundi wa kumega tonge. Ukitaka anukie kama wenzake, tia mdalasini kidogo wakati wa kusonga. Akiula, amekula chakula. Watoto wanaotia kila kitu mdomoni wapewe ugali, wakubwa wapewe donge la chumvi, na wewe ukae katikati yao.

6/9: Mdalasini na karafuu

Unga wa mdalasini ni mkavu na mkali. Ukivutwa puani au kooni unawasha njia ya hewa, mtoto anakohoa mpaka anapaliwa. Usimwache apulize wala anuse kwenye pakiti. Mwenye pumu anuse pambo likishakauka, na likimchokoza liondolewe. Afya yake kwanza, mapambo baadaye.

Ukiweza, nunua mdalasini wa magome, utwange nyumbani. Nina sababu. Mwishoni mwa 2023 Marekani iligundulika kwamba mdalasini wa unga uliotiwa kwenye pakiti za matunda ya watoto ulikuwa na madini ya risasi, na mamia ya watoto wakaathirika. Risasi inaharibu ubongo unaokua, na hakuna kiwango chake kinachojulikana kuwa salama kwa mtoto. Sisemi mdalasini wa sokoni kwetu uko hivyo. Nasema gome unaliona, unga wa kwenye kimfuko usio na jina la mtengenezaji huuoni ndani. Na unaobaki si ndio utatia kwenye chai?

Karafuu nzima zinapendeza kuchomeka kama macho au vifungo. Kwa wa chini ya miaka 3, hapana. Mnajua wanavyofanya na choroko na dengu: puani, sikioni, kooni. Karafuu ni saizi hiyo hiyo. Ikiingia puani usiichokoe kwa njiti, utaisukuma ndani, mlete kituoni. Akipaliwa, usiingize kidole kutafuta kitu usichokiona.

Mafuta ya karafuu yale ya kwenye kichupa yasitiwe humu. Kiasi kidogo kikimezwa na mtoto mdogo kinaweza kudhuru ini.

Chumvi pia inachoma mikono yenye vidonda au ngozi iliyopasuka. Angalia viganja kabla hamjaanza. Mkimaliza, wote mnawe kwa sabuni.

7/9: Kukausha

Jua la Bariadi likiwaka, siku 2 hadi 4 zinatosha. Panga kwenye ungo, geuza asubuhi na jioni, ingiza ndani mvua ikitishia. Mwenye oveni: moto mdogo, kama nyuzi 120, karibu saa 2.

Shida ni mvua za Desemba. Mtu anaona mapambo hayakauki, anachukua jiko la mkaa anaingiza chumbani, anafunga mlango, ungo juu ya stuli. Tafadhali, USIFANYE. Mkaa kwenye chumba kilichofungwa unatoa hewa ya sumu isiyo na harufu. Mnalala, hamuamki. Na mtoto anayetembea anavutwa na lile jiko kwa sababu kazi yake nzuri iko hapo juu.

Ukitaka kukaushia kwa mkaa, iwe nje, mtu mzima asimamie, na watoto wamepewa kitu kingine cha kufanya.

Akiungua: maji safi ya kawaida yatiririke juu ya jeraha kwa dakika 20. Sio barafu. Sio dawa ya meno, yai, asali, unga wala mafuta. Funika kwa kitambaa safi, njoo kituoni. Tunapolazimika kukwangua dawa ya meno kwenye kidonda cha mtoto anayelia, anaumia mara ya pili bure.

8/9: Kutundika

Msikate mti kwa ajili ya siku mbili. Mkoa wetu umehangaika kurudisha miti. Wakubwa wanaukumbuka mradi wa HASHI ulioanza mwaka 1986, tukiwa bado Shinyanga, na ngitili zilizohifadhiwa. Tundikeni kwenye kamba dirishani, au kwenye mwembe wa uani siku kavu.

Uzi uwe mfupi. Usitundike juu ya kitanda cha mtoto mchanga, na mtoto asivae pambo shingoni kwa uzi mrefu, unaweza kumnyonga akiwa anacheza.

Weka juu, mbuzi asifikie. Mbuzi anapenda chumvi kuliko wewe unavyopenda nyota yako, na ikimzidi inamdhuru yeye pia, na kuku vile vile. Chumvi inavuta unyevu, kwa hiyo wiki za mvua mapambo yatalainika na kutoa jasho. Hayakuharibika kwa kosa lako, ndivyo yalivyo. Sikukuu ikiisha, yafukie kwenye shimo la taka. Mtoto akitaka kuhifadhi moja, lifunge kwenye mfuko mkavu, uliweke juu.

9/9: Nani akae naye?

Hapa ndipo tunapokwepa. Simiyu ni mkoa wa pamba, na Novemba na Desemba ni kupanda. Mama anatoka alfajiri, anarudi amechoka, na watoto wameachwa na dada yao wa miaka tisa. Sitakuja hapa kukwambia uache shamba. Ada ya Januari inatoka huko.

Ninachosema ni hiki. Kazi hii usiipange siku ambayo haupo. Usimwachie dada wa miaka tisa, wala dada wa kazi ambaye ana nguo za kufua na chakula cha kupika. Mtoto hawezi kumlinda mtoto mwenzake kwenye chumvi na moto. Chagua Jumapili baada ya ibada, au siku mvua imekufungia ndani na jembe limeegeshwa. Saa moja. Simu weka chumba kingine.

Na baba yupo. Kukanda donge sio kazi ya kike, jamani. Mikono ya baba inakanda vizuri kuliko yetu, na mtoto akimwona baba yake anahangaika na nyota ya unga atalisimulia shule nzima. Bibi naye akae, atuonyeshe ng'ombe wa udongo walivyokuwa wanafinyangwa enzi zake.

Kuna watakaosema nimeandika hatari nyingi mpaka mchezo umekosa utamu. Soma tena. Karibu kila hatari niliyoitaja inaondoka mtu mzima akiwa amekaa mkekani na watoto. Na kila faida niliyoitaja, mazungumzo, kuhesabu, kusifiwa, inatoka kwa mtu huyo huyo. Huhitaji kununua kifaa cha usalama na kingine cha kumkuza akili. Ni kuwepo kwako tu, ndiko kunakofanya kazi zote mbili.

Wenzetu Waislamu, mchezo huu ni wenu pia siku za Idi. Harufu haina dini.

Ukitengeneza, tuma picha. Nataka hasa wale ng'ombe wenye pembe moja. Na kabla hujalala leo, kaangalie mbegu na dawa za pamba ziko wapi ndani ya nyumba yako. Hiyo haisubiri Krismasi.